Misimu Mitano ya Hasheem Thabeet, na Sakafu Tunayoichangia Mwaka Huu

Ndugu zetu wa Masasi na Newala, mlio nyumbani na mlio mbali,

Majina ya kwetu yamezoea kukaa kwenye viwanja vya michezo. Uwanja mkubwa kuliko yote nchini, ule wa Dar es Salaam wenye viti 60,000, tangu Julai 2020 unaitwa Uwanja wa Benjamin Mkapa, mtoto wa Lupaso. Ukishuka Mtwara mjini, uwanja wa mkoa unaitwa Nangwanda Sijaona, mwanasiasa wa enzi za TANU ambaye wazee wetu hawahitaji kuelezwa alikuwa nani. Vijana wetu wengi wamecheza pale mbele ya watu, na mwaka 2021 watoto wa shule kutoka nchi nzima walikuja Mtwara kwa UMITASHUMTA na UMISSETA.

Lakini viwanja vyote hivyo ni vya soka. Mwaka huu kamati imeamua kuchangisha kwa ajili ya mpira wa kikapu, na tangu uamuzi huo utangazwe tumeulizwa swali moja kila kona: kikapu cha nini kwetu? Kuna aliyesema huo ni mchezo wa watu wa Upanga na Oysterbay. Mwingine alisema afadhali fedha hizo zichimbe kisima. Hoja ya maji hatuipuuzi hata kidogo. Anayeijua Newala anajua mama zetu waliteremka na kupanda mlima kiasi gani kwa ndoo moja. Maji yana fungu lake katika kitabu hiki, kurasa za mbele. Hapa tunaeleza habari ya kikapu, na tunaieleza kupitia maisha ya Mtanzania mmoja ambaye si wa kwetu, ila kilichompata kinatuhusu.

Tuanze na mchezo wenyewe. Mpira wa kikapu ni miongoni mwa michezo michache ambayo tunamjua aliyeibuni na mwezi alioubuni. Ni mwalimu James Naismith, mzaliwa wa Kanada, aliyekuwa akifundisha mazoezi ya viungo katika chuo cha YMCA mjini Springfield, Massachusetts. Desemba 1891 kulikuwa na baridi kali, vijana 18 wa darasa lake wamefungiwa ndani na wamechoka na mazoezi ya kurukaruka. Akaandika kanuni 13, akawagawa tisa kwa tisa, akapigilia vikapu viwili vya matunda kwenye ukingo wa ghorofa ya ndani. Vilikuwa vikapu kweli, vyenye kitako, vya aina ambayo kwetu tungebebea korosho. Kila mpira ulipoingia, mtu alilazimika kupanda ngazi kuutoa. Jina la Kiswahili limeutunza ukweli huo vizuri: sisi bado tunasema kikapu, ingawa kitako kilitolewa zamani sana.

Naismith baadaye akawa kocha wa Chuo Kikuu cha Kansas, na katika historia yote ya timu hiyo ndiye kocha pekee aliyepoteza michezo mingi kuliko aliyoshinda. Tunalitaja hili kwa kuwa baadhi yetu hudhani aliyebuni kitu ndiye anayejua kukifundisha. Ufundishaji ni kazi yake peke yake.

Huku kwetu mchezo huu ulikaa mijini na kwenye shule zenye sakafu. Sababu kubwa, kwa maoni yetu, haikuwa utajiri wala urefu wa watu. Ni udongo. Uwanda wa Makonde ni mchanga, na mchanga huo ndio unaopendwa na mkorosho. Soka unaweza kuicheza juu ya mchanga. Vumbi litapanda, miguu itachoka, lakini mpira utakwenda. Mpira wa kikapu haudundi kwenye mchanga. Mtoto wa Kitangari anaweza kuwa na mikono mirefu na akili nyepesi, ukimpa mpira akaudundisha mara moja, umebaki pale pale chini. Ndiyo maana tunasema habari ya kikapu kwetu ni habari ya saruji kwanza.

Sasa Hasheem Thabeet. Alizaliwa Dar es Salaam Februari 16, 1987. Alianza kucheza kikapu akiwa na miaka 15, jambo la kuzingatia, kwa sababu Marekani mtoto wa umri huo huwa tayari ameshacheza miaka minane au tisa chini ya makocha. Kutoka Dar akaenda kusoma Kenya, kisha Marekani, ambako alimalizia sekondari katika shule ya Cypress Community Christian, Houston. Urefu wake ulifikia sentimita 221. Kwa wasiozoea vipimo: milango mingi ya nyumba zetu ina mita mbili au pungufu.

Mwaka 2006 akaingia Chuo Kikuu cha Connecticut, jimbo linalopakana na lile alikobuni Naismith mchezo wake. Kocha wa hapo alikuwa Jim Calhoun, mtu mkali aliyekwisha kutwaa ubingwa wa vyuo mara mbili, 1999 na 2004. Takwimu za Hasheem kwa misimu mitatu zinaonyesha kijana anayefundishika. Mwaka wa kwanza alifunga wastani wa pointi 6.2 kwa mchezo, wa pili 10.5, wa tatu 13.6. Mipira inayorudi kutoka kwenye ubao aliidaka 6.4, kisha 7.9, kisha 10.8. Na kazi iliyompa jina hasa, kuzuia mitupo ya wapinzani, aliifanya kwa wastani wa mara nne au zaidi kila mchezo katika misimu miwili ya mwisho. Mara mbili mfululizo, 2008 na 2009, alichaguliwa mlinzi bora wa ligi ya vyuo ya Big East, na mwaka 2009 akagawana tuzo ya mchezaji bora wa ligi hiyo na DeJuan Blair wa Pittsburgh.

Machi 2009 timu yake ilicheza na Syracuse mchezo ambao Wamarekani wanauzungumzia mpaka leo, kwa kuwa uliongezewa muda mara sita. Syracuse walishinda 127 kwa 117, usiku wa manane ukiwa umeshapita. Wiki chache baadaye Connecticut wakafika nusu fainali ya taifa mjini Detroit, wakafungwa na Michigan State 82 kwa 73. Huo ukawa mchezo wake wa mwisho chuoni. Alikuwa amebakiza mwaka mmoja.

Juni 25, 2009, katika drafti ya NBA, yaani siku ambayo timu huchagua wachezaji wapya kwa zamu, Los Angeles Clippers walimchukua Blake Griffin, na waliofuata, Memphis Grizzlies, wakamtaja Hasheem Thabeet. Namba mbili. Hakuna Mtanzania aliyewahi kucheza NBA kabla yake. Wengi wetu tunakumbuka magazeti ya wiki ile na mabishano ya vijiweni, na watu ambao hawakuwahi kutazama robo moja ya kikapu wakawa wataalamu kwa mwezi mzima. Kwa kizazi kilichotangulia, furaha ya namna hiyo ililetwa na Sunday Manara alipokwenda kucheza soka ya kulipwa Uholanzi na Heracles mwaka 1977. Kwa vijana wa 2009 ilikuwa Hasheem.

Ikulu wakati huo kulikuwa na Rais aliyecheza kikapu shuleni na kuwa mlezi wa shirikisho la mchezo huo nchini. Rais Jakaya Kikwete, kabla hajawa naibu waziri mwaka 1988, alikuwa mtendaji wa chama Nachingwea na Masasi. Wapo wazee katika chama chetu waliofanya naye kazi. Kwa hiyo yule aliyesema kikapu ni mchezo wa Upanga tu tunamwomba akumbuke kwamba mwanakikapu mmoja alipita kwetu, akala ugali wetu wa muhogo, na hatukumwonyesha hata kiwanja kimoja.

Waliomfuata Hasheem katika orodha ile ndio walioleta maneno baadaye. Namba tatu alikuwa James Harden. Namba saba alikuwa Stephen Curry. Ukiyaweka majina hayo kando ya lake leo, unaelewa kwa nini waandishi wa michezo wa Marekani humtaja kila wanapohesabu makosa ya drafti, na kwa nini hata vijana wa hapa husema alichemka. Sisi tunaona hukumu hiyo imetolewa haraka.

Tazama alikofikia. Memphis tayari walikuwa na senta, Marc Gasol, Mhispania aliyekuwa katika ubora wake. Nafasi ya Hasheem ilikuwa benchi. Msimu wa kwanza alicheza michezo 68, lakini kwa wastani wa dakika 13 tu kwa mchezo, akafunga pointi 3.1. Februari 2010 akapelekwa Dakota Wizards, timu ya ligi ya chini, kule kwenye baridi ya North Dakota. Hakuna mchezaji aliyechaguliwa juu kiasi chake aliyewahi kupelekwa ligi hiyo kabla ya hapo, na magazeti hayakumficha. Februari 2011 Memphis wakambadilisha na mchezaji wa Houston Rockets. Machi 2012 Houston wakampeleka Portland Trail Blazers. Kiangazi cha mwaka huo akasaini Oklahoma City Thunder, na hapo akapata misimu miwili ya utulivu kidogo, akimpumzisha Kendrick Perkins. Mwaka 2014 Oklahoma wakamwachia kwa Philadelphia, ambao hawakumpa nafasi ya kucheza.

Kwa misimu mitano hiyo jumla ni michezo 224, wastani wa pointi 2.2 na mipira ya kudaka 2.7.

Ukiishia hapo, ndiyo, utasema amechemka. Lakini mweke kando ya mwingine wa kwetu Afrika, Dikembe Mutombo wa Kongo, aliyefariki Septemba 2024. Naye alianza kikapu akiwa kijana mkubwa. Naye hakuwa na ufundi wa kufunga. Kazi yake ilikuwa kuzuia mitupo. Alifika Chuo Kikuu cha Georgetown mwaka 1987 akiwa na miaka 21, akiwa amekwenda kusoma, na kocha John Thompson akamfundisha mchezo mpaka 1991. Denver Nuggets walipomchagua namba nne, hawakuwa na mtu wa kumzidi pale katikati. Msimu wake wa kwanza tu alicheza dakika 38 kwa mchezo, akafunga pointi 16.6 na kudaka mipira 12.3. Alicheza NBA misimu 18, akawa mlinzi bora wa ligi mara nne, na mwaka 2007 akafungua hospitali Kinshasa kwa jina la marehemu mama yake.

Wawili hawa walianza kuchelewa wote. Mmoja, alipofika kazini, alipewa dakika 38 za kukosea na kujirekebisha. Mwingine alipewa 13, tena nyuma ya bingwa. Hatudai kwamba Hasheem angekuwa Mutombo. Tunachosema ni kwamba mchezaji anayeanza na miaka 15 anadaiwa miaka mingi ya kufundishwa, na deni hilo mtu atalilipa mahali fulani. Bora alilipe akiwa mtoto, nyumbani, kuliko alilipe akiwa na miaka 22 mbele ya kamera za Marekani.

Kuna jambo jingine ambalo wanaomcheka hawalisemi. Hakuacha. Alirudi ligi ya chini na Grand Rapids Drive. Mwaka 2017 akaenda Japani kuchezea Yokohama. Msimu wa 2019 na 2020 alikuwa Fort Wayne Mad Ants, tena ligi ya chini, akiwa na miaka 32, umri ambao wengi wameshatundika viatu. Kisha akaenda Taiwan, akachezea Hsinchu Lioneers na baadaye timu ya Tainan. Mtu aliyekwisha kuonja hoteli na ndege za NBA, kisha akakubali kupanda basi la ligi ya chini ili aendelee kufanya kazi yake, sisi hatuwezi kumwita mvivu. Wakulima wa korosho tunaijua hali hiyo. Kuna mwaka bei mnadani inakata maini, na bado mwaka unaofuata unaingia shambani kupalilia na kupuliza salfa.

Na tukiwa kwenye korosho, tuseme hili waziwazi kwa wazazi. Sote tunajua kangomba. Mkulima ana shida Julai, mkorosho haujazaa, mtu anakuja na fedha kidogo na kibaba chake, na msimu ukifika korosho si zako tena. Siku hizi kuna kangomba ya watoto. Kijana akionekana mrefu au ana mbio, anatokea mtu na ahadi ya shule ya nje, ya timu, ya pasipoti, na mzazi anatia saini karatasi ambayo hakuisoma. Wapo wanaofanikiwa kwa njia ya mawakala waaminifu, hilo hatulikatai. Lakini mtoto aliyekwisha kufundishwa nyumbani, aliyemaliza kidato cha nne na ana mwalimu wa kumuuliza, ni vigumu kumpima kwa kibaba.

Basi kamati inaomba nini? Inaomba viwanja viwili vya saruji, kimoja katika shule ya sekondari ya Masasi na kimoja Newala. Shule zenyewe zitachaguliwa na mkutano mkuu, na tunaomba wajumbe wasianze kugombana kabla ya siku.

Kiwanja rasmi cha kikapu ni mita 28 kwa 15, na cha netiboli ni mita 30.5 kwa 15.25. Pete za michezo yote miwili hukaa kimo kimoja, mita 3.05 kutoka chini. Kwa hiyo tukimwaga sakafu moja ya mita 32 kwa 19, tukachora mistari kwa rangi mbili, wasichana na wavulana wote wanapata pa kuchezea, netiboli asubuhi na kikapu jioni. Hili lilipendekezwa na akina mama wa kamati, na kusema kweli ndilo lililomaliza ubishi, kwa sababu timu zetu za netiboli zimecheza kwenye mchanga miaka yote na hakuna aliyewahi kuwachangia.

Sakafu ya ukubwa huo, yenye unene wa sentimita 10, inahitaji takriban meta za ujazo 61 za zege. Kwa mchanganyiko wa kawaida hiyo ni kama mifuko 400 ya saruji kwa kila kiwanja, yaani 800 kwa viwili. Si hesabu ya kutisha. Saruji ya Dangote inatengenezwa hapo hapo Mtwara, hatuisafirishi kutoka Dar. Kokoto Masasi haina shida. Ile milima ya mawe tuliyokua tukiitazama ina ya kututosha sisi na wajukuu. Newala wana shida ya mawe, kwa hiyo wenye malori Masasi tunawaomba ahadi ya safari, hata moja moja, kupandisha kokoto juu. Mchanga fundi ataupima kwanza, maana mchanga wa uwanda ni mwembamba na si kila mchanga unaofaa mkorosho unafaa zege.

Ahadi zitapokelewa kwa mifuko. Asiyeweza mfuko mzima aungane na mwenzake. Wanafunzi wa vyuo wametuambia wanaweza mfuko mmoja kwa watu watano, nasi tumewaandika hivyo hivyo, watu watano, majina yote. Wenye ahadi za korosho wangoje malipo ya mnada, tutawafuata wenyewe. Tunajua fedha za mnada huingia lini na hukaa siku ngapi.

Fungu la mwisho ni la walimu, na tunaomba lisikatwe hata saruji ikipungua. Sakafu bila kocha itageuka kianikio cha muhogo ndani ya mwaka mmoja, na hatutamlaumu atakayeanika. Kila shule itatoa walimu wawili, mwanamke na mwanamume, waende kwenye mafunzo ya ukocha wakati wa likizo, nauli na posho zikitoka kwenye mfuko wa chama. Watakaporudi wataanza na watoto wa darasa la tatu wa shule za msingi za jirani, wenye miaka minane au tisa, mara mbili kwa wiki. Mipira ya kuanzia, 20 kwa kila kiwanja, imeshaahidiwa na wenzetu wanaoishi nje, na jina la kila aliyeahidi limo katika orodha ya ukurasa wa nyuma.